Mwalimu Aliyeipa Televisheni Mgongo

Mwalimu wetu wa Kiarabu alitufundisha kwa katuni, na katuni yenyewe hakuitazama hata siku moja. Aliketi kwenye kigoda, televisheni nyuma yake, uso kwetu, rimoti mkononi, akisikiliza. Kwake yeye haikuwa halali kutazama picha za watu waliochorwa. Siku ya kwanza nikamuuliza, "Sasa Mwalimu, mbona sisi tunatazama?" Akanijibu bila kucheka, "Nyinyi wanafunzi. Dhambi zenu mnazo tayari, hii moja haitawazidishia kitu."

Nimepata kumpenda mtu huyu na nimepata kumchukia, na kwa muda mrefu sikujua lipi ni lipi. Nieleze mapema ili msomaji asinidhanie namsengenya mzee wa watu bure. Nilifungiwa ndani ya nyumba ya watu kule Uarabuni mwaka mmoja na miezi minne, na mtu pekee niliyeweza kumwambia alikuwa yeye. Nilimwambia. Nilichotaka kujua tangu siku hiyo ni kama alinisikia au hakunisikia.

Katuni ilikuwa ya Kijapani, ya mpelelezi, iliyotiwa sauti za Kiarabu fasaha, kile cha vitabuni. Mwanafunzi wake mmoja wa zamani alirudi na diski mbili kutoka huko alikokuwa akifanya kazi za ndani, akampa zawadi. Nasikia katuni hiyo mpaka leo haijaisha, vipindi vinaongezwa tu, watu wamezaa na kulea ikiendelea. Sisi tulikuwa na vile vya mwanzo, kumi na vinne, basi. Tulivitazama miaka minne katika chumba kimoja nyuma ya duka la magodoro, Nateete, mpaka tukawa tunajua nani atakohoa na wakati gani.

Matokeo yake tulikuwa na Kiarabu cha ajabu. Mimi nilijua sumu, kamba, nyayo, wasia, shahidi, na alama za vidole. Ndoo sikuijua. Ufagio sikuujua. Katika vipindi vile hakuna mtu aliyewahi kupiga deki.

Na mtindo wa vipindi ulikuwa ule ule. Watu wako mahali pamoja, kwenye treni, kwenye kisiwa, kwenye nyumba ya mlimani njia imezibwa na theluji. Mmoja anakufa. Mpelelezi anasema hatoki mtu hapa mpaka ajulikane aliyefanya. Mwalimu aliupenda mtindo huo kupita kiasi, akaufanya ndio masomo. Kabla ya mpelelezi kumtaja muuaji, yeye anabonyeza rimoti, picha inasimama. Anainuka, anakwenda mlangoni, anatia komeo. "Hatoki mtu," anasema kwa Kiarabu. Kila mmoja wetu asimame, amtaje muuaji, atoe sababu zake kwa sentensi zilizonyooka. Ukibahatisha ukamtaja ndiye, hupati kitu. Anakutazama tu: "Dalili iko wapi?"

Jamani, tulikaa mle! Jua lilizama tukiwa mle. Siku moja mvua imepiga, njia yote imejaa maji, na mama yangu akaja na mwavuli kunichukua. Mama ni Mganda, Kiswahili chake amekiokota sokoni, na hakihitaji ruhusa ya mtu. Akagonga mlango wa bati mpaka vumbi la dari likatudondokea.

"Mwalimu, fungua! Mtoto yangu hajakura!"

"Subiri, mama," Mwalimu akajibu kutoka ndani, taratibu. "Muuaji hajapatikana."

"Usipofungua, muuaji atakuwa mimi!"

Akafungua. Alikuwa anamwogopa mama yangu, na nadhani ndiyo sababu alimheshimu. Watu wake ni wa zamani hapa mjini, wenye asili ya pwani, Kiswahili chao wamekitunza kabatini miaka yote kisichafuke, na sisi tukisema "kitabu yangu" alishika kichwa kama anayeumwa jino. Lakini mama akisema "mtoto yangu" alinyamaza.

Kwa kuwa hakutazama, alisikia. Hilo ndilo nataka likae akilini. Yule mtu alisikia mpaka inatisha. Alituambia mwongo huvuta pumzi kidogo kabla ya kujibu, na asiye mwongo huanza kusema pumzi zikiwa tayari ndani. Mwezi wa Ramadhani aliniuliza habari za nyumbani, nikajibu njema, akasema, "Umekula chapati." Kweli nilikuwa nimekula. Hata nani alikosana na nani asubuhi alijua kwa namna tulivyoitikia salamu.

Lakini macho, ala! Ijumaa moja viatu vyake vilipotea msikitini. Alisimama mlangoni na kuwahoji waumini mmoja mmoja, nani alitoka kabla ya nani, nani alikaa safu gani. Alimhoji mwadhini mpaka mwadhini akaapa. Mkewe ndiye aliyemaliza upelelezi aliporudi nyumbani: viatu vyake vilikuwa chini ya kitanda, alikuwa ametoka na vya mkewe tangu asubuhi. Kesho yake alikwenda kumwomba radhi mwadhini, na kwa wiki nzima hatukuona kipindi chochote, tulisoma kitabu.

Mambo yake mengine hayakukaa sawa pia. Chai hadharani alikunywa bila sukari, kwa sababu ya daktari, na mkewe akienda dukani alitia vijiko vitatu akitutazama tumtunzie siri. Alikuwa mkali kwa watoto wa watu na kwa paka alikuwa mpole mno. Kusifu hakujua. Sentensi nzuri kuliko zote niliyopata kuisema ilipata kwake "Hm."

Na kubwa kuliko yote: safari za Uarabuni alizichukia kwa moyo wote, na wasichana waliokwenda ni yeye aliyewafundisha. Nilimuuliza. "Nikiwafundisha mnakwenda," akasema. "Nisipowafundisha mnakwenda. Bora mwende na ulimi." Wakala wa kazi za nje mwenye ofisi Ntinda alilijua hilo. Akina mama hawakumwamini wakala hata kidogo, suti yake ilikuwa inang'aa mno. Waliyemwamini alikuwa Mwalimu. Basi zamu yangu ilipofika, mama alifunga kitambaa kichwani, akamfuata chuoni.

"Sebo Mwalimu, hii nyumba mtoto anakwenda, ni nyumba gani?"

"Nimeuliza," Mwalimu akasema. "Ni watu wa dini. Nyumba nzuri."

Kwa neno hilo mama akaweka kidole kwenye karatasi ya mkataba. Baadaye nilikuja kujua Mwalimu alimuuliza nani. Alimuuliza wakala.

Nyumba yenyewe ilikuwa ghorofa ya saba. Mlango wa chuma, halafu mlango wa mbao. Madamu, mwajiri wangu, alichukua pasipoti yangu siku ile ile niliyofika, akaitia kwenye mkoba wake, na kila alipotoka nilisikia ufunguo ukizunguka mara mbili upande wa nje. Madirisha yalikuwa na kioo kisichofunguka. Nilijua kusema kwa Kiarabu kizuri kabisa, "Chumba kilikuwa kimefungwa kwa ndani," kwa sababu katika vipindi vyetu karibu vyumba vyote hufungwa kwa ndani, hiyo ndiyo ajabu ya kesi. Nilikaa sakafuni nikacheka peke yangu kama mwehu.

Kiarabu changu kilimfurahisha madamu. Yeye alisema kile cha nyumbani kwao, changu kilikuwa cha taarifa ya habari. Wageni wakija aliniita na sinia la kahawa. "Waambie," ananiamuru. Nami nasimama katikati ya sebule, sinia mkononi, nasema, "Muuaji yumo miongoni mwetu." Wanacheka mpaka wanafuta machozi. Kisha narudi jikoni. Nililala jikoni, nilikula kilichobaki, na jua nililiona kupitia kioo tu.

Mara ya kwanza niliporuhusiwa simu nilimpigia mama, nikaanza kwa Kiganda. Sikumaliza sentensi. Madamu alininyang'anya simu, na mwezi mzima sikuigusa. Baada ya hapo akaweka sharti: Ijumaa moja moja, dakika tano, simu kwenye spika, Kiarabu tupu, yeye ameketi hapo. Nani nyumbani anajua Kiarabu? Mwalimu. Basi nikampigia Mwalimu, na mama akawa anakwenda chuoni kila Ijumaa kukaa pembeni yake, asikie sauti yangu, Mwalimu amfasirie.

Nilifikiri wiki nzima. Kati ya vipindi vyetu kumi na vinne kilikuwapo kimoja tu ambamo mlango umefungwa kwa nje. Daktari amewaambia majirani kwamba mkewe amesafiri, kumbe amemfungia chumba cha juu. Madamu hatazami katuni. Nikaona nimepata njia.

"Mwalimu," nikasema, "huku namkumbuka sana mke wa daktari, wa kipindi cha sita. Mimi na yeye tunafanana."

Akasema, "Cha saba. Cha sita ni cha treni."

"Ndiyo, cha saba. Mwalimu, nafanana naye sana."

"Uwe unashika hesabu zako," akasema.

Na nyuma yake sauti ya mama: "Anasema nini? Anakura?"

"Anasema anakula vizuri," Mwalimu akamwambia kwa Kiswahili. "Anakumbuka masomo."

Nilitaka kupiga ukelele. Madamu alikuwa anatabasamu.

Ijumaa nyingine nikamwambia ufunguo uko kwenye mkoba wa daktari. Akanisahihisha: ufunguo ulikuwa chini ya chungu cha maua. Nyingine nikasema mke wa daktari alikuwa anagonga ukuta usiku na hakuna jirani aliyeuliza. Akasema hapana, jirani mmoja aliuliza, yule mwenye mbwa. Nikamjibu, "Basi mimi nasubiri mwenye mbwa." Mama akauliza ninasema nini. Mwalimu akamwambia nawasalimia wote.

Kila Ijumaa nilirudi jikoni na hasira zangu. Nililala nikimtukana. Mzee mjinga, nilisema, mtu anazama na wewe unamsahihisha namna ya kuogelea! Na hasira ikipoa, lile jingine linakuja: yule mtu anayesikia chapati kwenye koo la mtoto, kweli hakusikia?

Hakuna aliyeniokoa, nisiseme uongo. Madamu alipata msichana mwingine mdogo kuliko mimi, akanichoka, akanirudisha kwenye ofisi ya mawakala wa kule kama mtu anayerudisha gauni lililombana. Siku tisa baadaye nilikuwa Entebbe na begi lile lile.

Mama alimshukuru Mwalimu kuliko alivyomshukuru Mungu. Kwake yeye, zile Ijumaa ndizo zilizomweka hai. Akaanza kumpelekea chapati kila Ijumaa. Mimi sikwenda. Nilipata kazi kwenye kaunta ya mikate ya supamaketi moja huko Ntinda, nikapita njia nyingine miaka mitatu nisikutane na duka la magodoro. Mama akiniuliza kwa nini simsalimu mwalimu wangu, nilimwambia nimechoka. Ningemwambia nini? Kwamba sauti aliyoifuata kila Ijumaa ilikuwa inalia, na yeye akaambiwa inakula vizuri?

Mwezi uliopita goti la mama lilivimba, akanipa kikapu. Sikuwa na pa kukimbilia.

Mwalimu amekonda. Sukari imempata kweli sasa, mguu mmoja umefungwa bendeji, mkewe ametangulia mbele ya haki. Televisheni imekufa, imefunikwa kitambaa cha meza, naye bado anaketi ameipa mgongo.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba." Kisha akanitaja jina langu, kabla sijasema neno la pili.

Nikaweka kikapu chini. Nilikuwa nimejiandalia maneno ya adabu njia nzima, yote yakapotea.

"Mwalimu, mke wa daktari. Ulinielewa au hukunielewa?"

Alitazama mikono yake. Na hakuvuta pumzi.

"Nilikuelewa siku ile ya kwanza."

Nilikaa chini kwenye mkeka.

"Kabla hujasema daktari," akaendelea. "Uliposema Mwalimu tu. Nilijua."

"Na kipindi cha saba?"

"Nifanye nini, mwanangu? Mama yako ameketi pale, ananitazama mdomo. Mimi ndiye niliyemwambia nyumba nzuri. Nikashindwa. Nikafanya ile kazi ninayoijua."

"Ukanisahihisha."

"Nikakusahihisha. Nilikwenda Ntinda, kwa wakala. Nilikwenda na hasira zangu. Wakanikaribisha kwenye kiti, wakanipa soda baridi, wakaniambia watafuatilia. Nikanywa. Nikarudi nyumbani. Ndiyo hiyo habari yangu yote."

Nililia. Nilimwambia namchukia, nilimwambia hivyo hivyo, mzee wa watu mgonjwa, na yeye akatikisa kichwa kukubali kila neno. Hakuomba msamaha. Angeomba nadhani ningempa haraka, kwa adabu tu, tungemaliza na nisingekuwa nimepata chochote.

Tukiwa hivyo mlango ukagongwa, akaingia binti mmoja wa Kyebando, mwembamba, daftari kifuani. Mwanafunzi wake. Anaondoka Jumatatu, kwa wakala yule yule. Alipoona macho yangu akataka kurudi nje, Mwalimu akamwambia akae.

"Mama yako amekwishaweka kidole?" nikamuuliza.

"Ameweka. Mwalimu alimwambia ni watu wazuri."

Nikamgeukia Mwalimu. Aliinamisha uso.

Nilitaka kumwambia yule binti asiende. Nikamtazama viatu, nikamtazama lile daftari alilolipamba kwa karatasi ya zawadi, nikajua atakwenda, kama mimi nilivyokwenda. Basi nikamwambia mengine. Nikamwambia siku ya kwanza asome namba ya nyumba na jina la mtaa, ayakariri kabla ya kulala. Nikamwambia akipewa simu, aanze na hayo, yote kwa pumzi moja, kabla ya salamu, hata kama watamnyang'anya.

"Nimpigie nani?" akauliza. "Mwalimu?"

"Mimi," nikasema. "Andika namba."

Jumatano ya wiki jana, saa nne asubuhi, niko kaunta, simu ikaita namba ndefu ya nje. Nikapokea. Yule binti wa Kyebando hakusalimu. Alitaja jina la mtaa, jengo, ghorofa ya tatu, mlango wa kushoto, kisha neno moja la Kiswahili, "Dada," na simu ikakatika. Niliandika kwenye mfuko wa mikate.

Msimamizi akaniambia siwezi kutoka, foleni imefika mlangoni. Nikamwambia natoka, nikavua aproni.

Nilichukua boda mpaka Nateete. Njiani nilijiambia Mwalimu hatakuja: mguu ule, umri ule, na ile aibu. Lakini wakala anamjua, akina mama wanamjua, bila yeye mimi ni msichana wa mikate tu. Nilimkuta kwenye kigoda chake. Nikamsomea ule mfuko, mara mbili, kwa sauti, mpaka lile neno la mwisho.

Hakuuliza dalili iko wapi. Aliinuka kwa kushika ukuta, akatafuta fimbo, akatafuta kofia, akavaa viatu, akavitazama miguuni kuhakikisha ni vyake. Nikamwambia boda anasubiri, twende Ntinda moja kwa moja kabla ofisi haijafungwa kwa chakula cha mchana.

"La," akasema. "Kwanza Kyebando. Mama yake aambiwe, na nimwambie mimi."